Bisi za nyumbani: Kabla ya kulaumu mashine, kagua punje

MTU anunuapo mashine ndogo ya bisi kwa ajili ya familia yake, hutazama bei, ukubwa na kiasi cha umeme inachotumia. Punje za kutia ndani huwa jambo la mwisho kufikiriwa, na mara nyingi hapo ndipo lawama zinapoanza: nusu ya punje zimebaki ngumu kama changarawe, nyingine zimeungua, na mashine inarudishwa kwenye boksi lake.

Katika wilaya za Biharamulo na Ngara, mkoani Kagera, kosa hilo ni rahisi kutendeka kwa kuwa mahindi hayako mbali na mlango wa mtu. Hata hivyo, mahindi ya ugali si mahindi ya bisi. Haya ya bisi ni aina ya pekee, yenye punje ndogo na ganda gumu lisilopitisha mvuke kwa urahisi. Ndani yake mna wanga mgumu na maji kidogo. Joto likifika nyuzi 180 hivi za Selsiasi, maji hayo yanakuwa yamegeuka mvuke wenye msukumo unaokaribia mara tisa ya ule wa hewa ya kawaida. Ganda hushindwa kustahimili, hupasuka, na wanga uliolainika hufumuka na kuganda papo hapo kama povu jeupe. Punje ya mahindi ya kawaida huvujisha mvuke kabla haujapata nguvu, ikaishia kuungua au kupasuka kidogo tu.

Siri, basi, ni maji. Punje nzuri huwa na unyevu wa kati ya asilimia 13 na 14.5. Zilizoanikwa juani kupita kiasi hazilipuki. Zenye unyevu mwingi hutoa bisi ndogo, nzito kutafuna. Njia rahisi ya kupima ni kununua kidogo kwanza, kukaanga punje 100 zilizohesabiwa, kisha kuhesabu zilizobaki. Kama ukavu ndio tatizo, tia vikombe vitatu vya punje katika chupa yenye kifuniko cha kubana, ongeza kijiko kikubwa kimoja cha maji, tikisa mara kwa mara, na uache siku tatu au nne kabla ya kujaribu tena.

Sokoni, mimina punje kiganjani uzitazame. Iliyotobolewa na dumuzi au fukusi haina faida, maana mvuke hutorokea tunduni. Vivyo hivyo mahindi yaliyopukuchuliwa kwa kupigwa fimbo ndani ya gunia. Nyufa zake hazionekani upesi, lakini mashine itazifichua.

Kuna jambo zito kuliko bisi kugoma kulipuka. Mahindi yaliyovunwa wakati wa mvua na kukaushwa vibaya huota kuvu, na baadhi ya kuvu hutoa sumukuvu, ambayo joto la kukaangia haliiondoi yote. Mwaka 2016 sumukuvu iliua watu katika mikoa ya Dodoma na Manyara. Punje zenye ukungu au harufu ya uvundo zitupwe, hata kama bei yake ilikuwa ya kuvutia. Aidha, mbegu za dukani zilizopakwa rangi nyekundu, ya waridi au kijani zimetiwa dawa kwa ajili ya kupandwa. Kuziosha hakuzifanyi kuwa chakula.

Aina ya mashine nayo ina neno lake. Inayotumia upepo wa moto haitaki mafuta wala sukari ndani, na hupenda punje za njano za ukubwa wa wastani. Zile nyeupe ndogo, ingawa bisi zake ni laini, huweza kurushwa nje na upepo kabla hazijapasuka. Yenye sufuria na kijiti cha kukorogea hupokea zote mbili. Humo mafuta ya alizeti yanafaa kuliko siagi, ambayo huungua mapema. Siagi na chumvi ni vya kutia mwishoni, bisi zikiwa kwenye bakuli.

Bakuli hilo lisiwekwe mbele ya mtoto aliye chini ya miaka minne. Madaktari wa watoto huonya kuwa bisi, na hasa punje isiyopasuka, huweza kumpalia na kuziba njia yake ya hewa.