Saksafoni ni ya shaba, mbona inaitwa ndugu wa klarineti?

Saksafoni inang'aa kama tarumbeta, na wapenzi wa muziki wa dansi wameipa jina la "mdomo wa bata". Ila ndugu yake wa karibu ni klarineti, chombo cheusi cha mti.

Sababu iko mdomoni. Kwenye tarumbeta kinachotetemeka ni midomo ya mpulizaji. Kwenye klarineti na saksafoni kinatetemeka kipande chembamba cha tete kilichobanwa pale pa kupulizia.

Klarineti ndiyo kubwa kwa umri. Fundi Mjerumani Johann Christoph Denner wa Nuremberg anatajwa kuwa ndiye aliyeianzisha mwanzoni mwa karne ya 18. Mwaka 1791, mwaka aliofariki, Mozart alimtungia konserto rafiki yake Anton Stadler, bingwa wa klarineti. Tangu hapo chombo hicho kina kiti chake cha kudumu kwenye okestra.

Saksafoni ilibuniwa na Adolphe Sax, mpiga klarineti wa Ubelgiji na mtoto wa fundi wa ala. Alitaka chombo chepesi kuchezea kama klarineti, lakini chenye sauti nzito ya kusikika hata uwanjani. Alipata hataza jijini Paris mwaka 1846.

Tofauti kubwa ni bomba. La klarineti lina upana karibu ule ule, la saksafoni linapanuka kuelekea chini. Ndiyo maana kwenye saksafoni vidole hurudia mpangilio ule ule sauti inapopanda oktavo moja. Kwenye klarineti mpangilio hubadilika, na anayejifunza huona ugumu zaidi.

Bendi za jeshi la Ufaransa ziliipokea saksafoni, lakini mafundi wenzake walimburuza Sax mahakamani kwa miaka wakipinga hataza zake. Alifilisika zaidi ya mara moja, akafariki maskini mwaka 1894.

Okestra nazo huita saksafoni mara moja moja tu, kama kwenye "Boléro" ya Ravel ya 1928. Heshima yake ilikuja na jazz ya Marekani, kupitia watu kama Coleman Hawkins.

Afrika nayo haikubaki nyuma. OK Jazz ilipoanzishwa Léopoldville, Kinshasa ya leo, mwaka 1956, Jean Serge Essous alipuliza vyote viwili, klarineti na saksafoni. Baadaye Verckys Kiamuangana akaifanya saksafoni kuwa sauti ya mbele ya rumba.