Fundi wa Mandhari katika Senema

Watu wengi hapa Kigoma husema kuwa meli yetu Liemba ilionekana katika senema iitwayo The African Queen, ya mwaka 1951. Haikuonekana. Manowari ya Kijerumani katika kisa kile inafanana nayo, maana Liemba ililetwa vipande vipande kutoka Ujerumani, ikaunganishwa hapa Kigoma na kushushwa majini mwaka 1915 kwa jina la Graf von Götzen. Lakini picha zilipigwa Kongo, Uganda na Uingereza, wala si katika ziwa letu.

Je, ni nani awezaye kuwadanganya watazamaji vizuri hivyo? Ni fundi wa mandhari, na katika senema ile alikuwa Bwana Wilfred Shingleton. Fundi huyu husoma kisa chote, huchora kila mahali, kisha huwapa maseremala na wapaka rangi michoro yenye vipimo. Mashua yenyewe ilikuwa ndogo, na kamera ya rangi ya siku zile kubwa mno. Basi ikaundwa mashua ya mfano juu ya chelezo, yenye sehemu za kuondolewa ili kamera ipate nafasi. Na waigizaji walipoingia majini, waliingia katika tangi huko London, kwa kuwa maji ya mto yalihofiwa kuwa na maradhi!

Baba huniuliza kama kuchora kutanilisha. Namjibu kuwa ni hesabu pia, lakini bado hajakubali. Likizo hii nitapima banda la mafundi wa mitumbwi pale Ujiji, ubao kwa ubao, nilijenge kwa maboksi katika mchezo wetu wa muhula ujao.