Mwanajeshi akifa mazoezini, nani anachunguza?

1/ Swali hili hurudi kila msimu wa siasa: mwanajeshi akifa mazoezini, si vitani, familia yake ina haki ya kujua kilichomuua? Sisi wa Eldoret hatulioni kwa runinga tu. Makurutu wa KDF wanafunzwa papa hapa, Moi Barracks, na siku ya paredi ya kufuzu wazazi hujaa mjini.

2/ Wengi hudhani IPOA itaingilia. La. IPOA iliundwa kwa sheria ya 2011, na kazi yake ni polisi. Jeshi lina sheria yake ya 2012. Bodi inayochunguza ajali ni ya wanajeshi wenyewe.

3/ Na ajali hutokea. Juni 24, 2021 helikopta ya jeshi iliyokuwa mazoezini ilianguka Ole Tepesi, Kajiado. Si chini ya wanajeshi 10 walikufa.

4/ Kuna wanaosema: siri za jeshi zikitoka, adui ndiye anafaidi. Hoja hiyo ina uzito. Hata Sheria ya Kupata Habari ya 2016 inaruhusu kuzuia habari zinazohatarisha usalama wa taifa.

5/ Wengine wanajibu kwa Katiba. Kifungu cha 239 kinaweka vyombo vya usalama chini ya mamlaka ya kiraia. Cha 35 kinampa raia haki ya kupata habari. Na Bunge lina kamati ya ulinzi, inaweza kuuliza.

6/ Shida ni kwamba tunachanganya mambo mawili. Mpango wa vita ni siri, sawa. Lakini injini ilizima kwa nini? Nani aliikagua? Daktari alikuwa karibu? Hizo ni siri gani?

7/ Aprili 2024 Mkuu wa Majeshi, Jenerali Francis Ogolla, alikufa kwenye ajali ya helikopta hapa jirani, Elgeyo Marakwet. Hayo hayakuwa mazoezi, lakini angalia: 2025 serikali ilitaja chanzo, hitilafu ya injini. Nchi haikuanguka kwa kusema hivyo. Mama ya kurutu naye anastahili jibu kama hilo.

8/ Kwa hivyo mgombea akikwambia "jeshi lisiguswe", au "kila kitu kiwekwe wazi", usipige makofi bado. Muulize: ripoti ya kifo cha mazoezini familia itapewa na nani, na baada ya siku ngapi?