Nani kaotea, na kaotea wapi?

Novemba 22, 2022, katika Uwanja wa Lusail nchini Qatar, Argentina ilitikisa nyavu za Saudi Arabia mara 4 kipindi cha kwanza. Likahesabiwa bao 1 tu, penalti ya Messi. Mengine yote yalikataliwa kwa kuotea, maana mabeki wa kocha Hervé Renard walikuwa wamepanda juu kwa makusudi. Saudi Arabia wakashinda 2-1.

Watazamaji wengi husema mshambuliaji ameotea akimpita beki wa mwisho. Sheria haimtaji beki. Inamtazama mpinzani wa pili kutoka mwisho, ambaye kwa kawaida huwa beki kwa sababu tu wa mwisho kabisa ni kipa. Kipa akipanda kufuata kona dakika za majeruhi, hesabu hubadilika: beki mmoja aliyebaki golini hatoshi tena kumwokoa mshambuliaji na kibendera. Mikono haihesabiwi, na kusimama tu mahali pa kuotea si kosa mpaka mchezaji ajihusishe na mchezo.

Hadi 1925 sheria ilidai wapinzani 3. Bill McCracken wa Newcastle United alisifika kwa mtego wa kuotea: hatua chache mbele, na filimbi inalia. Idadi ilipopunguzwa hadi 2, mabao ya Ligi Daraja la Kwanza ya Uingereza yaliruka kutoka 1,192 msimu wa 1924/25 hadi 1,703 msimu uliofuata. Herbert Chapman wa Arsenal akajibu kwa kumrudisha nyuma kiungo wa kati awe beki wa tatu. Ni vigumu kupata mfano bora wa sheria moja iliyobadili namna timu zinavyopangwa.

Anayeingia kwenye raga na macho ya soka hupotea haraka. Huko kipimo ni mpira, si mpinzani. Aliye mbele ya mwenzake mwenye mpira ameotea, na akiingilia mchezo huadhibiwa. Ndiyo sababu Shujaa, timu ya Kenya ya raga ya wachezaji 7, walioichapa Fiji 30-7 katika fainali ya Singapore mwaka 2016, hushambulia wakiwa wamejipanga kimshazari nyuma ya mwenye mpira. Adhabu yake ni nzito pia: penalti ya raga yaweza kuleta pointi 3, ilhali katika soka kuotea huzaa mpira wa adhabu usioweza kufungwa moja kwa moja.

Netiboli, inayochezwa na wasichana wengi katika shule za Afrika Mashariki, hupima kwa mistari ya uwanja. Uwanja una sehemu 3, na herufi za kifuani zinamwambia kila mchezaji mipaka yake. GS, mfungaji, habanduki kwenye theluthi ya goli analoshambulia. C, mchezaji wa kati, huzunguka kote isipokuwa ndani ya nusuduara mbili za magoli. Akivuka mpaka, hata bila mpira, ameotea.

Mpira wa kikapu hauna kuotea, lakini unamzuia mviziaji kwa saa: timu yake ikiwa na mpira upande wa mashambulizi, hatakiwi kukaa zaidi ya sekunde 3 mfululizo katika eneo lililo chini ya kikapu cha wapinzani. Mpira wa magongo ulikwenda mbali zaidi, ukaifuta kabisa sheria ya kuotea mwishoni mwa miaka ya 1990. Mshambuliaji wake sasa husimama hata mbele ya kipa, na ni juu ya mabeki kumfuata.