Toni Kamau na filamu zinazokera wakubwa

Mwaka 2017 Boniface Mwangi, mpigapicha wa habari aliyegeuka mwanaharakati, aliwania ubunge wa Starehe jijini Nairobi, akiapa kwamba hatahonga mpiga kura yeyote. Akaanguka. Kiti kilitwaliwa na mwanamuziki Jaguar. Kamera ya mwelekezi Sam Soko ilimfuata Mwangi vijiweni na mikutanoni, ikaingia hadi nyumbani, ambako mkewe Njeri ndiye aliyekuwa akilipia siasa hizo: vitisho vya kuuawa vilimfanya akimbilie Marekani na watoto wao.

Kutokana na picha hizo ilizaliwa Softie, filamu ya hali halisi iliyotayarishwa na Soko pamoja na Toni Kamau. Januari 2020 ilizinduliwa katika tamasha la Sundance, Marekani, ikatuzwa kwa uhariri wake. Mwaka huohuo Kamau alialikwa kujiunga na taasisi inayotoa tuzo za Oscar.

Jina lake halijulikani sana mitaani, na si ajabu. Mtayarishaji ndiye anayeandika maombi ya ruzuku, kusoma mikataba, kukabiliana na mawakili na kuhakikisha kuna pesa za kumlipa mhariri mwaka wa nne wa kazi, wakati kila mtu mwingine ameshachoka. Nchini Kenya wenye kazi hiyo wamepata nguvu kutoka Docubox, mfuko ulioanzishwa na Judy Kibinge, ambao uliisaidia Softie pia.

Kamau, kupitia kampuni yake ya We Are Not the Machine, huchagua hadithi ambazo wengi wangezikwepa. I Am Samuel, iliyoelekezwa na Peter Murimi, inamhusu kijana aliyelelewa mashambani magharibi mwa Kenya, anayempenda mwanamume mwenzake huku akiogopa kumpoteza baba yake. Septemba 2021 Bodi ya Kuainisha Filamu Kenya (KFCB) iliipiga marufuku. Watu wa ng'ambo waliendelea kuitazama kama kawaida. Walionyimwa ni Wakenya, wenye hadithi yao!

Kisha ikaja The Battle for Laikipia, ya Murimi na Daphne Matziaraki, iliyofika Sundance mwaka 2024. Humo wafugaji Wasamburu wanatafuta malisho wakati wa kiangazi, nao wamiliki wa ranchi wenye asili ya Uingereza wanalinda nyua zao. Filamu hiyo inasikiliza pande zote mbili, na kwa maoni yangu hapo ndipo ilipo thamani yake: ugomvi wa ardhi uliopandwa enzi za ukoloni hauelezeki kwa kumchagua mbaya mmoja.

Lakini filamu za aina hii bado hutegemea mno pesa za wafadhili wa nje. Vituo vyetu vya televisheni, vinavyojaza ratiba kwa tamthilia za kigeni, vinaweza kuanza kwa kununua hata moja kila mwaka na kuionyesha saa mbili usiku, wakati watu wako nyumbani.