Hakimu akikukatalia katikati ya kesi, rufaa ni lini?

FORDSBURG, Johannesburg

MZEE mmoja wa Tanga, fundi cherehani hapa jirani na Oriental Plaza, alinisogezea simu yake kabla chai haijafika. Wakili wake aliyeko nyumbani ameandika: hakimu amekataa kuahirisha kesi ya madai ya lori, amefunga ushahidi wa mdai, na sasa ni zamu ya mdaiwa kujitetea. Mzee hakufika kwa sababu anaishi kwa karatasi za ukimbizi, kama mimi. Mwenye karatasi hizo akipanda ndege kwenda kwao, anaweza kuzipoteza.

"Mwanangu, nikate rufaa leo leo?"

Bado, mzee wangu. Tanzania ilifunga mlango huo kwa Sheria Na. 25 ya mwaka 2002: uamuzi mdogo ambao haumalizi shauri haukatiwi rufaa wala hauombewi mapitio. Sababu ipo. Zamani kila pingamizi lilipanda mahakama ya juu, na kesi ya msingi ikalala miaka. Lakini anayeumia ni huyu fundi, ambaye atalipia kesi nzima ndipo aulize kama ilikwenda sawa.

Hapa Afrika Kusini nako ni karibu hivyo hivyo. Kipimo cha kesi ya Zweni, iliyochapishwa mwaka 1993, kinauliza kama uamuzi ni wa mwisho, unaamua haki za wahusika, na unamaliza sehemu kubwa ya madai. Mwaka 2022, katika kesi ya Lebashe, Mahakama ya Katiba ilisisitiza pia maslahi ya haki. Jaji akikataa kujitoa kwa madai ya upendeleo, hilo laweza kukatiwa rufaa mapema, kwa kibali.

Kwa mzee, kazi iko mahakama ile ile. Wakili aombe ushahidi ufunguliwe tena, aambatanishe kiapo na nakala ya karatasi za ukimbizi, aombe mzee asikilizwe kwa video. Ombi na sababu za kukataliwa, kama litakataliwa, viingie kwenye mwenendo wa kesi. Hukumu ikija vibaya, hiyo ndiyo itakuwa hoja ya rufaa, na atatakiwa kuonyesha kwamba kosa lile liligeuza matokeo. Kosa tupu halitoshi.

Mzee alinywa chai ikiwa imepoa. Kisha akaniomba nimwandikie wakili, maana miwani ameiacha dukani.