Je, Wajua? Shaba Iko Ardhini, Mshahara Uko Mikononi mwa Fundi

Mutoshi iko pembezoni mwa Kolwezi, makao makuu ya jimbo la Lualaba, Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo. Kijana wa huku akimaliza sekondari, ushauri anaopewa na jirani, mjomba na shemeji ni mmoja: "Tafuta kazi mgodini." Ila mgodini kuna kazi za kila aina, na malipo yake yanapishana kama mbingu na ardhi. Haya ni mambo machache ya kujua kabla hujachagua fani, chuo au mwajiri.

Je, wajua kwamba Mutoshi ilianza na dhahabu?

Zamani mgodi wa Mutoshi uliitwa Ruwe. Mwanzoni mwa karne ya 20, Tanganyika Concessions, kampuni ya Mskoti Robert Williams, iliufuata kwa ajili ya dhahabu. Mwaka 1906 ikaundwa Union Minière du Haut-Katanga, na shaba ikawa ndiyo habari kubwa. Baada ya uhuru migodi ikataifishwa na kuwa ya Gécamines, na Ruwe ikapewa jina la Mutoshi. Leo kinachotajwa zaidi ni kobalti ya betri za simu na magari ya umeme.

Eneo ni lile lile, bidhaa imekuja ya tatu. Mpima ardhi, mkemia wa maabara, fundi mitambo na mhasibu wangepata kazi katika zama zote hizo. Kwa hiyo unapochagua fani, usiulize tu kama inatakiwa mwaka huu. Uliza kama itatakiwa soko likihamia kwenye madini mengine.

Je, wajua kwamba wafanyakazi 10,655 waliondoka Gécamines kwa mpango mmoja?

Katikati ya miaka ya 1980, Gécamines ilitoa zaidi ya tani 470,000 za shaba kwa mwaka. Kuajiriwa huko kulimaanisha mshahara, nyumba, hospitali, shule ya watoto na unga. Septemba 1990 sehemu ya mgodi wa chini ya ardhi wa Kamoto ikaporomoka, na kufikia 1994 uzalishaji ulikuwa chini ya tani 40,000. Mwaka 2003 na 2004, kwa mpango uliosaidiwa na Benki ya Dunia, wafanyakazi 10,655 walilipwa wakaondoka. Mpango uliitwa "kuondoka kwa hiari", ingawa wengi wao walikuwa wamekaa muda mrefu bila mshahara.

Cheo cha kampuni hubaki kwenye kampuni. Cheti kinachotambuliwa na waajiri wengine huondoka na mwenyewe. Mwajiri akikupa mafunzo ya ndani, omba hati inayoonyesha ulifunzwa nini, kwa muda gani, na kwenye mashine ipi.

Je, wajua kwamba bei ya kobalti inaweza kushuka zaidi ya mara nne?

Mwaka 2018 tani moja ya kobalti ilipita dola 90,000. Mwanzoni mwa 2025 ilikuwa karibu dola 21,000. Kongo hutoa zaidi ya asilimia 70 ya kobalti yote inayochimbwa duniani, na tarehe 22 Februari 2025 serikali ilisimamisha mauzo ya nje ili kupandisha bei. Oktoba mwaka huo huo zuio likageuzwa kuwa mgawo: tani 96,600 kwa mwaka kwa 2026 na 2027.

Maana yake kwa mfuko wako ni hii. Anayelipwa kwa gunia hupanda na kushuka na bei ya dunia, tena siku hiyo hiyo. Anayelipwa kwa mwezi hupata nafasi ya kupumua, maana kampuni huendelea kuhitaji umeme, maji, magari na hesabu hata soko likilala. Fedha ya gunia inaweza kuizidi ya mwezi katika msimu mzuri. Swali ni kama unaweza kuishi msimu mbaya, na kama una nidhamu ya kuweka akiba wakati wa neema.

Je, wajua kwamba Mutoshi iliwahi kuwa darasa la uchimbaji mdogo?

Kuanzia 2018, kampuni ya Chemaf iliyokuwa na kibali cha eneo hilo, mfanyabiashara wa madini Trafigura, shirika la Pact na ushirika wa COMIAKOL waliendesha hapa mradi wa majaribio. Eneo lilizungushiwa uzio, walioingia walikuwa na vitambulisho, na pombe ilipigwa marufuku. Tingatinga ziliondoa udongo wa juu kwanza ili mchimbaji asilazimike kushuka kwenye mashimo marefu. Watoto na wajawazito hawakuruhusiwa.

Jambo lililozua mjadala ni wanawake. Imani iliyozoeleka migodini ni kwamba mwanamke akikaribia shimo madini hukimbia, kwa hiyo wengi waliishia kuosha na kuchambua mawe, kazi yenye malipo madogo. Ndani ya uzio wa Mutoshi waliruhusiwa kuchimba, na madini hayakukimbia. Mradi ulisimama Machi 2020 wakati wa janga la korona. Ila ulionyesha kwamba hata uchimbaji wa mikono unazaa kazi za ofisini: mwandikishaji, mkaguzi wa usalama, muuguzi wa huduma ya kwanza, mtunza hesabu wa ushirika.

Je, wajua kwamba mchimbaji wa mikono anatakiwa kuwa na kadi?

Sheria ya madini ya 2002, iliyorekebishwa Machi 2018, inataka mchimbaji mdogo awe Mkongomani mtu mzima, mwanachama wa ushirika, mwenye kadi ya mwaka mmoja, na achimbe ndani ya maeneo yaliyotengwa. Tatizo ni kwamba maeneo hayo ni machache na mengine hayana madini ya maana, ndiyo maana wengi huingia kwenye vibali vya makampuni. Juni 2019, kuta za mgodi wa KOV, ndani ya eneo la kampuni ya KCC, ziliporomoka na kuua wachimbaji wapatao 40. Anayeichagua kazi hii aijue hatari yake pamoja na mapato yake.

Je, wajua kwamba kifaa kimoja cha mkononi ndicho kinachopanga bei ya gunia?

Kwenye vituo vya ununuzi kama Musompo, mnunuzi huelekeza kifaa kwenye mawe, na kioo chake huonyesha asilimia ya kobalti au shaba. Watu hukiita Metorex. Kinatumia mionzi ya eksirei, na tofauti ya asilimia moja tu hubadilisha malipo ya wiki nzima. Wachimbaji wamelalamika kwa miaka mingi kwamba baadhi ya vifaa huchezewa.

Mwenye kuelewa upimaji ana soko pana. Maabara za makampuni humhitaji. CEEC, kituo cha serikali cha kutathmini na kuthibitisha madini, humhitaji. OCC inayokagua bidhaa humhitaji pia. Ukiwa mtu makini, unayependa namba na usiyechoka kurudia jambo mpaka likae sawa, kemia ya viwandani inakufaa kuliko sururu.

Je, wajua kwamba shaba ya Kolwezi huogeshwa kwa asidi kabla ya kuuzwa?

Katika viwanda vingi vya huku, jiwe husagwa, huloweshwa kwenye asidi ya salfuriki, kisha shaba hutenganishwa na kobalti kwa kemikali. Mwisho umeme hupitishwa ndani ya mabirika, na shaba hujikusanya kwenye bamba hadi kufikia usafi wa asilimia 99.99. Kobalti kwa sehemu kubwa husafirishwa ikiwa unga wa hidroksidi.

Hesabu kazi zilizopo hapo: mkemia, mtaalamu wa metali, mwendesha mitambo chumba cha udhibiti, fundi pampu, fundi mabomba, mchomeleaji. Asidi hula chuma mchana na usiku, kwa hiyo fundi wa kuchomelea chuma cha pua hakosi kazi. Si lazima awe na shahada. Ni lazima kiungo chake kisivuje.

Je, wajua kwamba umeme husafiri kilomita 1,700 kufika Kolwezi?

Mwaka 1982 ilikamilika njia ya umeme kutoka Inga, karibu na Bahari ya Atlantiki, hadi Kolwezi. Wakati huo ilikuwa miongoni mwa njia ndefu zaidi duniani. Karibu zaidi na mji, Mto Lualaba una mabwawa ya Nzilo, ya mwaka 1952, na Nseke, ya 1956. Hata hivyo umeme hautoshi. Migodi hununua wa Zambia, huwasha jenereta za dizeli, na sasa mgodi wa Kamoa umeingia mikataba ya umeme wa jua wenye betri.

Penye upungufu wa umeme, fundi umeme ana sauti. Akijua pia mifumo ya kujiendesha na paneli za jua, anaweza kuajiriwa mgodini, hospitalini, hotelini au kwenye duka lake mwenyewe.

Je, wajua kwamba anayefanya kazi kwenye mgodi huenda asiwe mwajiriwa wa mgodi?

Mwaka 2021 mashirika ya RAID na CAJJ yalichunguza migodi mitano mikubwa ya Kongo, yakakuta asilimia 57 ya wafanyakazi wameajiriwa kupitia wakandarasi. Wengi walilipwa kidogo kuliko waajiriwa wa moja kwa moja, na mikataba yao ilikuwa mifupi. Ripoti hiyo ilikadiria kwamba familia ya Kolwezi ilihitaji dola 402 kwa mwezi ili kuishi kwa heshima, bila kuhesabu matibabu.

Wahenga walisema mchagua jembe si mkulima. Kwenye mikataba ya migodi, methali hiyo iweke kando kidogo. Soma jina la mwajiri lililoandikwa juu ya karatasi, si lile lililoandikwa kwenye lango. Uliza nani analipa hospitali ukiumia, na mkataba wa mkandarasi ukiisha wako unaishaje.

Upande wa pili kuna nafasi. Sheria ya Februari 2017 inataka kazi za ukandarasi zipewe kampuni zenye mtaji wa Wakongomani kwa sehemu kubwa. Fundi mwenye uzoefu, wenzake wawili watatu na karatasi safi anaweza kuacha kutafuta mkandarasi, akawa mkandarasi.

Je, wajua kwamba si lazima njia ya kufika mgodini ipite chuo kikuu?

Mwenye D6, yaani diploma ya serikali ya sekondari, katika fani za umeme, mekanika au kemia tayari ana mlango wa kugonga. INPP, taasisi ya taifa ya mafunzo ya ufundi iliyoanzishwa 1964, hutoa kozi fupi kwa vijana na kwa walio kazini. Vyuo vya ISTA hutoa wahandisi wa vitendo. Anayetaka kubuni na kusimamia mgodi mzima aelekee kitivo cha polytechnique cha Chuo Kikuu cha Lubumbashi, kilichofunguliwa 1956, au Chuo Kikuu cha Kolwezi kilicho karibu na nyumbani.

Jipime kwa ukweli. Hesabu zikikupa raha na familia inaweza kusubiri miaka mitano, uhandisi unalipa. Kama mikono yako ni myepesi na nyumbani wanahitaji msaada mapema, anza na ufundi, fanya kazi, kisha rudi shule. Ukipenda kupanga watu na karatasi, kuna ugavi, rasilimali watu na forodha: Kolwezi iko kwenye reli inayoelekea bandari ya Lobito, Angola, na barabara yake hupeleka malori hadi Dar es Salaam.

Je, wajua kwamba lugha ni cheti kisicho na muhuri?

Mikataba na ripoti huandikwa kwa Kifaransa. Kampuni za migodi kama Sicomines, COMMUS, Tenke Fungurume na Kisanfu zina wamiliki wa Kichina, na mkalimani anayejua Kichina, Kifaransa na Kiswahili huketi meza moja na mabosi. Kamoa na KCC zina wabia wanaofanya kazi kwa Kiingereza. Kiswahili ndicho kinachoeleweka kwenye zamu, na msimamizi asiyeweza kueleza hatari kwa Kiswahili huwaweka watu wake hatarini.

Je, wajua kwamba fedha ya mgodi hulipa hata wasiokanyaga mgodini?

Kwa sheria ya 2018, mrabaha wa madini hugawanywa hivi: asilimia 50 kwa serikali kuu, 25 kwa jimbo, 15 kwa mamlaka ya mtaa na 10 kwa mfuko wa vizazi vijavyo. Juu ya hapo, kampuni hutenga asilimia 0.3 ya mauzo kwa maendeleo ya jamii. Fedha hiyo huhitaji wahandisi wa barabara, walimu, wauguzi, wakaguzi wa hesabu na wanasheria wanaojua kuifuatilia.

Tena watu wa Lualaba hula bukari, yaani ugali, kila siku, na unga mwingi hutoka Zambia. Mtaalamu wa kilimo anayeweza kuzalisha mahindi, mboga au kuku karibu na Kolwezi ana wateja wanaopokea mshahara kila mwezi, na shamba lake halitafungwa kwa sababu bei ya kobalti imeanguka London. Wakikuambia "tafuta kazi mgodini", waulize nao: mgodi unakosa nini, na katika hayo, mimi naweza lipi?